Ugomvi Wenye Jina la Mtu Bado Unalipika

Anayefuatilia mapigano ya wakulima na wafugaji kwenye taarifa ya habari huyakuta yameshafika kwenye mikuki, nyumba zilizoungua na mkuu wa wilaya anayeongea na wananchi huku askari wamesimama nyuma yake. Sisi tuliokaa vijijini tunayajua tangu yakiwa madogo. Ndama analia bomani kwa sababu mama yake amezuiliwa ofisi ya kijiji, na mzee mmoja yuko shambani kwake anahesabu mashina ya mahindi yaliyovunjika. Nimekuwa mtendaji wa kijiji kwa miaka mingi, Kilosa na Mvomero, mkoani Morogoro, na sasa nimestaafu. Naandika kwa ajili ya mtendaji mpya, mwenyekiti mpya, na mtu yeyote mwenye jirani.

Morogoro hatuhitaji kuambiwa mambo haya yanafika wapi. Desemba 2000, pale Rudewa Mbuyuni, Kilosa, watu 38 waliuawa kwa siku moja. Mwaka 2008 damu ikamwagika tena Mabwegere, wilaya hiyohiyo. Katikati yake na baada yake kuna matukio ambayo hayakuandikwa na gazeti lolote, kwa sababu aliyekufa alikuwa mtu mmoja, au waliokatwa mapanga walikuwa ng'ombe. Watu husema chanzo ni ardhi, na kweli ardhi imebana: Wakaguru, Wasagara na Waluguru wanalima, Wamasai na Waparakuyo wanachunga, Wasukuma wakaja na makundi yao na majembe ya kukokotwa, na pembeni yao wote kuna mashamba makubwa ya mkonge na Hifadhi ya Mikumi. Lakini ardhi imebana kila siku, na watu hawauani kila siku. Kuna kitu kingine kinachoamua ni siku gani.

Mimi nimeshika jambo moja. Malalamiko yakiwa "ng'ombe wa fulani wamekula shamba la fulani", hayo yanapimika, yana bei, na yana mtu wa kuyalipa. Yakigeuka kuwa "Wamasai wametulishia", au upande wa pili "Waswahili wametupigia mtoto" (ndivyo wafugaji wanavyotuita wengine wote, hata Mkaguru ambaye hajawahi kuiona bahari), basi hakuna tena wa kulipa na yeyote anaweza kupigwa. Hakuna kabila lenye mfuko wa kulipia gunia la mahindi. Ila kila kabila lina mtu anayerudi peke yake kutoka mnadani jioni.

Kazi yote ya usuluhishi, kwa uzoefu wangu, ni kulizuia jina la mtu lisipotee. Na kawaida una muda mfupi sana, kati ya alasiri na usiku wa siku ileile.

Nieleze tukio moja bila kutaja kijiji. Mzee mmoja alikuwa na ekari mbili za mahindi karibu na korongo. Alichelewa kupanda, kwa hiyo yake yalikuwa bado mabichi wakati jirani yake ameshavuna na kumuuzia mfugaji mabua. Biashara ya mabua ni ya kawaida huku kwetu: mfugaji analipa kwa ekari, ng'ombe wanaingia wanakula, mwenye shamba anabaki na samadi na hela ya sukari. Lakini ng'ombe hajui mpaka, na siku hiyo aliyekuwa akichunga alikuwa mtoto wa miaka kama kumi hivi, na fimbo yake. Alasiri jua likamzidi, akasinzia chini ya mgunga. Alipozinduka, kundi liko katikati ya mahindi ya mzee.

Ukunga ukapigwa. Vijana wa kitongoji wakatoka na fimbo, wakawaswaga ng'ombe wote mpaka uwanja wa ofisi ya kijiji. Mmoja wao akamchapa yule mtoto, mtoto akakimbia kwao akilia.

Hebu tazama kilichotokea ndani ya saa moja. Mahindi yameliwa, mtoto amepigwa, mifugo imezuiliwa. Mzee alijua la kwanza. Mama wa mtoto alijua la pili. Mwenye ng'ombe, ambaye alikuwa Morogoro mjini kwa shughuli zake, alipigiwa simu akaambiwa la tatu: "Wamechukua ng'ombe." Kila mmoja alikuwa na ukweli mtupu, ila wa theluthi moja. Hakuna aliyedanganya, na hiyo ndiyo inayofanya kazi iwe ngumu, maana ukimwambia mtu anayesema kweli kwamba amekosea, anakuona umenunuliwa.

Sasa sikiliza habari ya maziwa, kwa sababu watu wa mjini huwa hawaifahamu na hata watendaji wengine wanaotoka mikoa isiyofuga hawaifikirii. Ng'ombe anayenyonyesha akizuiliwa mpaka jioni, chuchu zinajaa na zinamuuma, anaanza kulia. Kule bomani ndama wamefungiwa kwenye kizimba chao wanasubiri mama zao, nao wanalia. Wanawake wameshika vibuyu, hawana cha kukamua. Watoto wanalala bila maziwa, na kwao maziwa ndiyo chakula chenyewe. Boma zima linakesha likisikiliza ndama. Morani akikaa na kelele hizo mpaka saa sita za usiku, huhitaji mchochezi yeyote wa kuja kumwambia kwamba ameonewa.

Kwa hiyo ushauri wangu wa kwanza, na nisingeuuza kwa bei yoyote: usilaze kundi zima la mifugo ofisini. Ukilazimika kushika dhamana, shika dume moja, andika karatasi, mwenye mifugo au ndugu yake aweke dole gumba, na wale wanaonyonyesha warudi kabla giza halijaingia. Siku ile nilipotoa amri hiyo vijana walinizonga. Mmoja akasema mbele ya watu:

"Mtendaji, wamekupa ngapi?"

"Wamenipa kelele," nikamjibu. "Kama unataka kukesha nao hapa, ulete na blanketi. Funguo hizi."

Hakuzichukua. Mwenyekiti wa kijiji naye, mtu mzima mwenye busara zake, akamgeukia yule mzee mwenye shamba na kumuuliza mbele ya wote: "Mzee wangu, wewe mwenyewe unataka nini?" Mzee akasema hataki ng'ombe wa mtu, anataka mahindi yake. Nikaliandika neno hilo kwenye muhtasari kama lilivyotoka. Kuanzia hapo, kila kijana aliyetaka kuigeuza kuwa vita ya Wakaguru na Wamasai tulimrudisha pale: mwenye mali ameshasema anachotaka, wewe unadai kwa niaba ya nani?

Tathmini ifanyike siku hiyohiyo kama jua linaruhusu, na wawepo watu wa pande zote mbili. Tulikwenda na bwana shamba, na mzee mmoja wa Kimasai ambaye laigwanani, kiongozi wao wa kimila, alimtuma. Ekari moja sote tunaijua ni hatua 70 kwa 70. Mkapime sehemu iliyoliwa kwa hatua za mtu mmoja, na awe mtu ambaye pande zote wamemkubali, kwa sababu nimeshuhudia ugomvi mpya ukizaliwa kwa sababu mpimaji alikuwa mrefu. Mkubaliane pia mahindi yako hatua gani. Yaliyo chini ya magoti, yakiliwa majani, mara nyingi yanachipua tena. Yaliyokwishatoa mbelewele hayana marejeo. Mkulima atasema angevuna magunia mengi kuliko alivyowahi kuvuna maishani, mfugaji atasema ng'ombe walipita tu. Waache waseme. Watu wanaobishania magunia wameshatoka kwenye habari ya kabila, hata kama sauti zao bado ziko juu.

Na yule mtoto? Hapa ndipo usuluhishi mwingi unapovunjika. Kikao kinamaliza habari ya mahindi, kinaandika fidia, watu wananawa mikono na kuondoka, na upande wa pili unarudi nyumbani na deni lake ambalo hakuna aliyelitaja. Sisi tulilitaja. Kijana aliyempiga mtoto alikwenda bomani siku iliyofuata akiwa na baba yake mzazi na balozi wa nyumba kumi. Baba akasalimia, akasema kilichowapeleka. Mama wa mtoto, yeyo (ndivyo Wamasai wanavyomwita mama) mmoja mwembamba aliyekuwa anashona shanga, hakunyanyua macho. Alimuuliza kijana swali moja tu: "Wa kwenu ungempiga hivyo?" Kijana akasema hapana, mama. Akaambiwa akae, akaletewa chai ya maziwa. Fidia ya mahindi ililipwa nusu wiki ileile na nusu baada ya mnada. Sisemi walipendana. Nasema hakuna aliyevizia mtu korongoni.

Kuna mambo mengine madogo ambayo yameniingia kichwani kwa kuyaona yakijirudia.

Mtu akijeruhiwa, shati lenye damu lisitembee. Kituo cha kwanza ni polisi kuchukua PF3, ile fomu ya majeruhi kutibiwa, kisha matibabu, na kama polisi wako mbali, zahanati kwanza, na huko mtu abadilishe nguo. Nimemwona kijana aliyekatwa kidogo tu juu ya sikio, na kichwa hutoa damu nyingi kuliko kidonda chenyewe, akipelekwa na pikipiki kilabu hadi kilabu "watu waone". Alipofika kilabu cha tatu alikuwa ameshakuwa maiti kwenye midomo ya watu. Waliokuwa wanajikusanya upande wa pili wa mto walikuwa wanakwenda kumlipia kisasi mtu ambaye wakati huo alikuwa anakunywa pombe.

Siku hizi shati hilo ni simu. Sauti ya dakika moja kwenye grupu la WhatsApp, mtu anahema, "jamani wametuingilia", bila jina, bila mahali, bila tarehe. Inazunguka hata mwaka mzima, na kila inakofika inakuwa ya jana. Kijijini kwetu tulikubaliana kwamba anayetuma habari ya namna hiyo aulizwe papo hapo na yeyote aliye kwenye grupu: nani, wapi, saa ngapi? Wengi hunyamaza. Anayejibu, tunampigia balozi wa hapo mahali. Inachosha, lakini haizidi kuzika.

Vijana waliokwisha kukusanyika usiwahutubie. Mtu mwenye rungu mkononi na wenzake wakimtazama hawezi kukubali hoja yako hata kama ameielewa. Wagawe. Hawa waende kwenye daraja wakaangalie kama kuna watu, hawa wakamlete bwana shamba, wale wakakae kwa mzee mwenye shamba asiwe peke yake. Wape wazee wao wawaongoze. Kijana aliyepewa kazi ana sababu ya kuondoka pale bila kuonekana mwoga, na wengi wao wanaitafuta sababu hiyo kuliko unavyodhani.

Msiba ni habari nyingine, na hapo nasema kwa uzito. Ikitokea mtu amekufa, kisasi hakipangwi siku ya kifo. Siku ya kifo watu wamechanganyikiwa. Kinapangwa usiku wa matanga, pale nje, kwenye moto wa wanaume, baada ya mwanasiasa kuondoka. Kwa hiyo pale kwenye moto awepo mtu wenu. Awe mjomba, awe shekhe au mchungaji, awe mtani wa marehemu, ambaye ana ruhusa ya kusema maneno ambayo mwingine akiyasema atapigwa. Na upande wa pili wapeleke rambirambi kwa mkono wa mtu mzima anayeheshimika kote, hata kama hazitapokelewa. Zikikataliwa mbele ya watu, bado watu wameona zilikuja.

Nimesema kila upande unabaki na theluthi yake ya ukweli. Likishapita jambo la kwanza bila kulipwa, inakuja hesabu, na hesabu ya kisasi ina ubaya mmoja: kila mtu anaianzia kwenye kidonda chake. Majirani zetu wa Kenya waliliona hilo mwaka 2012 kwenye delta ya Mto Tana. Wapokomo wanalima kingo za mto, Waorma wanafuga, na ng'ombe wanahitaji njia za kufika majini, wanaziita malka. Njia zikilimwa, ng'ombe anapita kwenye shamba. Shamba likipitwa, ng'ombe anakatwa. Yalikuwa mambo ya miaka mingi. Kisha tarehe 22 Agosti kijiji cha Reketa, cha Waorma, kikavamiwa, watu zaidi ya 50 wakauawa, wengi wao wanawake na watoto. Tarehe 7 Septemba, Chamwanamuma, kijiji cha Wapokomo. Tarehe 10 Septemba, Kilelengwani, watu 38, na kati yao polisi 9. Tarehe 21 Desemba, Kipao, zaidi ya 30. Muulize mtu wa Reketa vita vilianza lini, atakwambia tarehe 22 Agosti. Muulize wa Chamwanamuma, atakwambia tarehe 7 Septemba, au atarudi nyuma ya Agosti kwenye kisa cha ng'ombe ambacho mwenzake hakikumbuki. Na ukitazama waliokufa, ni wangapi kati yao waliwahi kumpeleka ng'ombe shambani au kulima kwenye malka? Mtoto wa Reketa alikuwa na deni gani?

Ndiyo maana kwenye kikao sikubali swali la "nani alianza". Litamaliza siku nzima na hamtapata jibu, kwa sababu kila mzee ana kumbukumbu ndefu kuliko mwenzake. Nauliza: nani hajalipwa, na anadai nini?

Kenya hiyohiyo ina somo la kwenda mbele. Wajir, kaskazini mashariki mwa nchi hiyo, mwanzoni mwa miaka ya 1990, koo za Wasomali zilikuwa zinauana. Walioanza kuuzima moto ule ni akina mama wa sokoni, na hawakuanza na mkutano mkubwa. Walianza na sheria ya meza za soko: hakuna mwanamke atakayekataa kumuuzia au kununua kwa mwenzake kwa sababu ya ukoo wake, na likitokea neno lipelekwe kwenye kamati yao. Dekha Ibrahim Abdi, mmoja wa waanzilishi, mwaka 2007 alipewa tuzo ya Right Livelihood kwa kazi hiyo na zilizofuata. Baada ya soko wakawaendea wazee, na mwaka 1993 wazee wakasaini makubaliano ya amani ya Al Fatah. Wakaunda pia kikosi cha kukimbilia tukio, wazee, akina mama, watu wa dini na maofisa wa usalama kwenye gari moja, wafike kabla kisasi hakijaondoka. Hilo la gari moja nalipenda sana. Huku kwetu polisi huja na gari lao, mkuu wa wilaya na lake, wazee kwa miguu, na akina mama hawaitwi kabisa.

Sasa kuna jambo ambalo linagombana na hiki ninachokisema, na sitalificha. Mila nyingi za wafugaji hulipa damu kwa pamoja. Kwa Wamasai, mwanaume akiuawa, fidia ya kimila inayotajwa ni ng'ombe 49, na hazitoki kwenye zizi la muuaji peke yake, ukoo unachanga. Kaskazini mwa Kenya, azimio la Modogashe la mwaka 2001, makubaliano ya jamii za wafugaji wa huko, liliweka wanyama 100 kwa mwanaume na 50 kwa mwanamke. (Nusu! Akina mama wa Wajir sijui walilipokeaje.) Si ndiyo kulirudisha jambo kwenye kundi? Nimelifikiria sana. Jibu langu ni kwamba kundi linalolipa pamoja lina sababu ya kumchunga kijana wake, maana upumbavu wake utawatoa ng'ombe kwenye mazizi ya baba zake wadogo wote. Lakini mfumo huo unakwenda pale ambapo pande zote mbili wanaufuata. Mkaguru mwenye ekari mbili hana ukoo wa kuchangia ng'ombe 49, naye akiletewa ng'ombe wa damu anaona ametukanwa. Kwa hiyo mila iheshimiwe kwa wenye nayo, na aliyeua apelekwe polisi kwa jina lake. Baraza la kijiji halisuluhishi mauaji. Mwenyekiti yeyote anayejaribu kuyamaliza kimyakimya ili kijiji "kisiharibike jina" anakihifadhia kisasi mpaka mwaka mwingine.

Kwa madogo, sheria ina mahali pake. Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999 ilileta Baraza la Ardhi la Kijiji, wajumbe 7, wanawake 3 kati yao, kazi yake ni kusuluhisha. Baraza la Kata nalo, tangu marekebisho ya mwaka 2021, halitoi tena hukumu kwenye migogoro ya ardhi, linasuluhisha tu, na likishindwa ndani ya siku 30 mtu anaweza kuendelea Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Wengi wanalalamika kwamba mabaraza yamenyang'anywa meno. Mimi nadhani kwa ugomvi wa aina hii afadhali, kwa sababu hukumu huacha mshindi, na mshindi wa kijijini hupita mbele ya nyumba ya aliyeshindwa kila asubuhi akienda kisimani.

Kinachoua mabaraza ni hela. Mfugaji ana mali inayotembea, anaweza kuuza dume leo na kesho akawa na pesa mfukoni. Mkulima anajua hivyo, kwa hiyo hata kesi aliyoshindwa kihalali anaamini imenunuliwa. Mfugaji naye anajua kuna viongozi ambao kwao kukamata ng'ombe ni mradi, faini bila risiti, na kila msimu wa ukame wanapata pikipiki mpya. Wote wawili wana ushahidi wa kutosha kutoka vijiji vya jirani. Siku wanapoacha kuja ofisini, usifurahi kwamba kesi zimepungua. Wamehamia kwenye mapanga. Kinga yake ni ya kijinga lakini inafanya kazi: fidia ipite kutoka mkono wa mlipaji kwenda mkono wa mlipwaji, mbele ya watu, uwanjani, isiguse meza ya mtendaji. Ikiguswa, hata kwa kuhesabiwa tu, tayari imeshapungua.

Wa mjini nanyi msidhani haya ni ya porini. Dereva wa bodaboda akigongwa na gari, muda si mrefu wenzake ishirini wamefika, na swali si tena nani aliingia barabarani vibaya. Ni "mwenye gari" dhidi ya "bodaboda", na gari linalochomwa wakati mwingine ni la mtu aliyesimama kusaidia. Kijiwe chenye mwenyekiti anayejulikana, mwenye namba ya trafiki wa eneo lake, na anayesema "dereva ni huyu, namba za gari ni hizi, tusubiri vipimo", hakichomi. Nimeviona vyote viwili Msamvu, Morogoro mjini.

Na kama wewe ndiye uliyeumizwa, kama unasoma hapa na kichwa kinachemka, sitakwambia usamehe. Sijawahi kuona mtu aliyesamehe kwa sababu mtendaji alimwambia. Nitakwambia usilale kwenye nyumba yenye ndugu wengi usiku huo. Nenda kwa rafiki mmoja, mtu wa maneno machache. Ndugu wanakupenda, na kila anayeingia mlangoni anataka kuonyesha anavyokupenda kuliko aliyetangulia, na lugha waliyo nayo ya kuonyesha ni ya kulipiza. Asubuhi andika unachodai kwenye karatasi. Kiasi, kitu, mtu. Ukishindwa kuandika jina la mtu, ukajikuta umeandika jina la kabila au la mtaa, hiyo karatasi bado haijawa tayari kwenda popote.

Msimu huu wanaouza mabua nao wasikie. Kabla hujachukua hela ya mfugaji, zungukia majirani unaopakana nao, uwaulize kama wameshavuna. Kama kuna hata mmoja bado, mabua yasubiri, au mfugaji aweke mchungaji mtu mzima upande huo, na jina la mchungaji liandikwe kwenye karatasi ya mauziano pamoja na la mwenye ng'ombe, na jirani naye asaini kama shahidi. Bwana shamba apewe nakala. Mtakubaliana na siku ya mwisho ya kulisha, na mtaonyeshana mpaka kwa miguu, wote watatu, mchana. Mtoto anaweza kuchunga pia, hakuna ubaya, ila asiwe peke yake saa ya jua kali.